Nani hasa aliandika Wezi wa Baiskeli? Cesare Zavattini na muvi za Italia baada ya vita

Kuna stori imezoeleka sana kwa watu wanaopenda muvi za zamani, kwamba baada ya Vita ya Pili Waitaliano hawakuwa na hela, hawakuwa na studio, basi wakabeba kamera wakaingia mtaani wakashuti maisha yalivyo, bila skripti, bila maaktaa, na hapo ndo neorealismo, yani zile muvi za maisha halisi, ikazaliwa. Ni stori tamu na nusu yake ni kweli. Hiyo nusu nyingine ndo inayoniuma, kwa sababu inamfuta mtu aliyekaa mezani na kalamu, anaandika anafuta, anaandika anafuta, mpaka kile unachokiona kwenye skrini kikaonekana kama hakuna mtu aliyewahi kukiandika. Huyo mtu ni Cesare Zavattini, mwandishi wa skripti.

Nimeshaona vijana wanabeba kamera wanaenda sokoni kushuti bila hata karatasi moja, ukiwauliza wanakwambia ndo neorealismo hiyo, De Sica, dairekta wa muvi ya Wezi wa Baiskeli, alifanya hivyo hivyo. Hapana. De Sica hakufanya hivyo hata siku moja.

Tuanze na ile nusu ya kweli. Studio za Cinecittà pale Roma zilifunguliwa 1937, enzi za Mussolini, na muvi nyingi zilizotengenezwa miaka ile zilikuwa za majumba ya kitajiri, mapenzi, nguo nzuri, mpaka zikapachikwa jina la "simu nyeupe" kwa sababu kwenye zile sebule kulikuwa na simu nyeupe, kitu ambacho mtu wa kawaida Italia hakukiota. Vita ilipopita zile studio zikaharibiwa, afu zikageuzwa kambi ya wakimbizi, familia zinalala na kuanika nguo mle mle ndani. Dairekta Roberto Rossellini akashuti muvi ya Roma città aperta mwaka 1945 kwa taabu kubwa sana. Na wakati huohuo muvi za Hollywood ambazo zilibanwa kuanzia 1938 zikamwagika sokoni kwa mkupuo, zimerundikana miaka yote ile ya vita, sa hivi zote zinaingia kumbini kwa pamoja na watu wana hamu nazo. Kwahiyo mtu anayetaka kutengeneza muvi ya Kiitaliano alikuwa na kazi mbili, apambane na Wamarekani kwenye tiketi, na aonyeshe nchi ambayo kwa miaka 20 ilizoea kudanganywa kuhusu sura yake yenyewe. Umasikini ulieleza kwanini kamera ilitoka nje ya studio. Hauelezi hata kidogo kamera ilipotoka iangalie nini, na hilo ndo swali ambalo Zavattini alilijibu.

Mzee huyu alizaliwa 1902 Luzzara, kijiji kikubwa kando ya mto Po, kaskazini mwa Italia, wazazi wake walikuwa na mkahawa, na ukikulia kwenye mkahawa unakua unasikiliza watu wakiongea. Akawa mwandishi wa habari, akaenda Milano kuhariri magazeti, akaandika vitabu vifupi vya kuchekesha, kimoja cha 1937 jina lake maana yake ni "maskini ni vichaa", na akatunga mpaka stori za katuni za anga za juu, sayari ya Zohali inapigana na Dunia! Nalitaja hili kusudi, kwa sababu watu wanamdhania alikuwa mtu wa ukavu wa taarifa ya habari, kumbe alitoka kwenye utani na ndoto. Mwaka 1935 akaandika muvi ya Darò un milione, inayomhusu tajiri anayejifanya maskini ili ajue nani atamtendea wema, na staa wa ile muvi alikuwa kijana mmoja mtanashati anayeigiza na kuimba, anaitwa Vittorio De Sica. Wakafahamiana. Miaka michache baadae De Sica akahamia nyuma ya kamera, wakafanya pamoja muvi ya I bambini ci guardano katikati ya vita, na kuanzia hapo wakawa kama chanda na pete, muvi zaidi ya 20.

Sasa njoo kwenye muvi ya Sciuscià, ya 1946. Hilo neno lenyewe ni Waitaliano wakijaribu kutamka lile neno la askari wa Kimarekani la kung'arisha viatu, "shoeshine", watoto walikuwa wanalipiga kelele barabarani kutafuta wateja, likakaa kwenye lugha yao vile vile kama sisi tunavyochukua neno la mgeni tukalivisha kanzu yetu. De Sica alikuwa ameshawafuatilia watoto wawili wa kweli wa Roma, mmoja wakimwita Kinyani mwingine Likofia, mwaka 1945 akaandika habari zao gazetini. Wale watoto walikuwa wanang'arisha viatu, na hela wanayopata wanaenda kukodi farasi kwenye bustani ya Villa Borghese wapande wazunguke. Wana njaa, hawana pa kulala, wanalipia farasi. Zavattini na wenzake, akiwemo Sergio Amidei, ndo wakakichukua hicho kitu kimoja, farasi, wakajenga juu yake muvi nzima: marafiki wawili wananunua farasi, wanatumika na wakubwa kwenye biashara ya magendo, wanaishia jela ya watoto, na jela inawageuza maadui. Muvi haikufanya vizuri kumbini kwao Italia, lakini Marekani ikapewa Oscar maalum mwaka 1948. Ona kazi ya mwandishi hapo. Farasi alikuwepo mtaani, kila mtu angeweza kumuona, ila kuona kwamba farasi ndo stori hiyo ni kazi ya mtu.

Halafu Ladri di biciclette, 1948, Wezi wa Baiskeli, na hapa ndo fundo lenyewe lilipo. Kulikuwa na kitabu cha jina hilo cha Luigi Bartolini, kimetoka 1946. Ndani ya kitabu anayeibiwa ni msanii, mtu wa tabaka la kati, na ana baiskeli ya pili anayoitumia kumsaka mwizi wa ile ya kwanza! Zavattini akabakiza jina, akabakiza wizi na upekuzi wa masoko ya vitu vya wizi, vingine akavipindua. Sasa anayeibiwa ni Antonio Ricci, hana kazi muda mrefu, amepata kazi ya kubandika mabango ukutani na sharti la kazi ni uwe na baiskeli, wakati yake iko rehani. Baiskeli ikiibiwa hana ya pili. Kwa badiliko hilo moja kitu kile kile kilichokuwa kero ya mtu mwenye nafasi yake kikawa suala la kula au kutokula. Bartolini hakufurahi, akalalamika hadharani, na kwa upande wake naweza kumwelewa.

Kwenye majina ya mwanzo wa muvi utaona waandishi kibao, yumo Suso Cecchi D'Amico, Oreste Biancoli, Adolfo Franci, Gherardo Gherardi, Gerardo Guerrieri, na De Sica mwenyewe. Hii ndo sababu moja watu wanachanganyikiwa. Waitaliano walikuwa wanaandika kwa kundi, mmoja analeta wazo, mwingine mazungumzo, mwingine anabisha, wanazunguka mjini pamoja. Zavattini na De Sica walienda hadi nyumbani kwa mama mmoja mpiga ramli wa Roma kuangalia watu wanavyopanga foleni kusubiri kutabiriwa, na ukiangalia muvi mama wa hivyo yumo, na Antonio ambaye mwanzoni alikuwa anamcheka mkewe kwa kwenda pale, anaenda mwenyewe akishaishiwa.

Wengine wanauliza, sasa si waliigiza watu wa mtaani tu, skripti ya nini? Ni kweli Antonio ni Lamberto Maggiorani, fundi wa kiwandani ambaye hajawahi kuigiza, na mtoto Bruno ni Enzo Staiola, aliyeonwa kwenye umati wa watu waliokuja kushangaa watu wakishuti. Ni kweli pia prodyuza wa Kimarekani David O. Selznick alikuwa tayari kutoa hela akitaka Antonio awe Cary Grant, na De Sica akakataa. Lakini mtu ambaye hajui kuigiza anahitaji skripti nzuri kuliko hata aktaa, maana hana ujanja wa kuokoa sini mbovu, kila kitu inabidi kiwe kwenye kile anachofanya kwa mikono yake.

Chukua ile asubuhi ya siku ya kwanza ya kazi. Bruno anaipangusa baiskeli chumbani, bado giza giza, anaona sehemu ya pedali imebonyezwa kidogo, haikuwa hivyo kabla haijawekwa rehani. Anamuuliza baba yake, umeona walichofanya? Baba anasema labda ilikuwepo. Mtoto anakataa, mimi ningewaambia! Afu wanaweka mkate wa mayai kwenye mfuko wa kifuani, wote wawili, wamevaa ovaroli zinazofanana, na kabla ya kutoka Bruno anarudi kufunga dirisha mwanga usimpige mdogo wake anayelala kitandani. Hakuna hata neno moja kuhusu upendo wala shida hapo. Lakini umeshajua mtoto huyu ni mtu mzima kabla ya wakati, umeshajua anaijua baiskeli ile kila kona, na ikiibiwa muda mfupi baadae unaumia kama ni yako. Hicho kitu hakitokei kwa bahati ukiwasha tu kamera.

Au ile ya mashuka. Ili kuikomboa baiskeli kwenye rehani mke wake Maria anavua mashuka kitandani anayapeleka huko huko yakawekwe rehani. Karani anayapokea, anabeba furushi, anapanda rafu, anapanda tena, na kamera inapanda naye, mashuka, mashuka, mashuka, mpaka juu dari. Kumbe mji mzima unalala bila shuka. Sekunde chache tu, na hotuba ya mwanasiasa ya saa zima haifiki hapo.

Na mwisho wake. Antonio amezunguka Roma siku nzima, mwizi amempata na yeye ni maskini mgonjwa wa kifafa anayeishi na mama yake kwenye kijumba, ushahidi hakuna, mtaa wote unamtetea. Nje ya uwanja wa mpira kuna baiskeli mamia. Anamwambia mtoto apande tramu aende, afu anaiba. Anakamatwa dakika hiyo hiyo, wanamzaba makofi, kofia inadondoka, na Bruno aliyekosa tramu anaona yote. Anaiokota kofia ya baba yake, anaipangusa vumbi. Mwenye baiskeli anamtazama yule mtoto na anasema mwacheni. Wanaondoka wanatembea, baba analia, na mtoto anamshika mkono. Ndo maana jina la Kiitaliano ni wezi, wingi, na Wamarekani walipolifanya mwizi mmoja tu wakaua nusu ya maana, maana wezi ni wawili na mmoja wao ndo tumetembea naye tangu asubuhi.

Baada ya hapo Zavattini akaanza kuieleza fikra yake waziwazi, na andiko linalonukuliwa sana ni la 1952. Anatoa mfano wa mama anayeenda kununua jozi ya viatu vya lira 7,000. Kwa mtu wa muvi za kawaida hiyo ni sini ya nusu dakika ya kupita kwenda kwenye mambo makubwa. Yeye anasema simama hapo. Hizo 7,000 kazipata wapi, kafanya kazi kiasi gani, kajinyima nini? Huyu mwenye duka anayepatana naye ni nani? Mtoto wake yuko wapi saa hii? Ukichimba hivyo unapata muvi ya saa mbili na unaifikia dunia nzima bila kutoka dukani. Mfano wake mwingine ni wa ndege: kwa Wamarekani ndege inapita, bunduki inalia, ndege inaanguka, na kwetu Waitaliano ndege inapita, inapita tena, inapita mara ya tatu. Na akaleta neno lake la pedinamento, neno la kipolisi, kumfuata mtu nyuma nyuma bila kumuacha, ila yeye alimaanisha kumfuata mtu wa kawaida kwa subira mpaka maisha yake yakueleze kitu. Ndoto yake ilikuwa muvi ya dakika 90 ya mtu ambaye hakuna kinachomtokea.

Karibu zaidi alipofika ni Umberto D., 1952. Mzee mstaafu, pensheni haitoshi, mwenye nyumba anataka kumtoa, ana mbwa wake tu. Aliyeigiza ni Carlo Battisti, profesa wa isimu wa Chuo Kikuu cha Firenze. Lakini sini inayozungumzwa mpaka leo haimhusu mzee, ni ya Maria, dada wa kazi, binti ana mimba na hajui afanye nini. Anaamka, anaburuta miguu mpaka jikoni, anawasha jiko, anamwagia maji sisimizi ukutani, anakaa kusaga kahawa, na akiwa anasaga ananyoosha mguu taratibu, kidole cha mguu kinautafuta mlango, anausukuma ufunge, na machozi yanamtoka. Basi. Mi kila nikiiangalia nabana pumzi pale kidole kinapoutafuta mlango. Mwandishi gani anathubutu kuweka hiyo kwenye karatasi akampelekea prodyuza?

Na haikuuza. Muvi ilianguka vibaya kumbini, na serikali ikaja juu. Giulio Andreotti, kijana wa chama tawala aliyekuwa anasimamia mambo ya burudani serikalini, aliandika barua ya wazi mwaka huohuo akisema dunia ikiamini kwamba Italia ya Umberto D. ndo Italia yenyewe, basi De Sica ameitendea nchi yake vibaya. Kwa kifupi, mmetoa siri za ndani nje. Na hayakuwa maneno matupu, maana sheria ya filamu ya 1949 inayojulikana kwa jina lake ilitoa pesa na ulinzi dhidi ya muvi za Marekani kwa mkono mmoja, na kwa mkono mwingine ikaipa serikali nafasi ya kupitia skripti kabla ya mkopo na kukwamisha muvi isiuzwe nje ikionekana inachafua jina la nchi. Nadhani hapa ndo utaelewa kwanini mwandishi ndo alikuwa mlengwa. Ukishabana skripti huna haja ya kubana kamera.

Sasa kwanini jina lake limefifia hivi? Moja, miaka ya 50 wahakiki wa Ufaransa walisukuma sana wazo kwamba mwenye muvi ni dairekta, na wazo hilo likashinda dunia nzima. Mbili, na hili ndo linalonishangaza, Zavattini mwenyewe alikuwa anahubiri kwamba mwandishi wa skripti kama cheo cha peke yake afutwe! Alitaka mtu mmoja aone, aandike, ashuti. Mtu aliyeandika kuliko wote alikuwa anaomba kazi yake ife, halafu kesho yake anarudi mezani kuandika. Ukisoma nadharia yake bila kuangalia skripti zake utadhani kweli hakuna kilichoandikwa. Ila De Sica hakuwahi kumficha, na ukiangalia muvi za De Sica bila Zavattini unaona tofauti mwenyewe.

Siwezi kumpamba tu. Ile ndoto ya kumfuata mtu nyuma nyuma ina upande unaotisha. Mwaka 1953 ndani ya L'amore in città, muvi ya visa kadhaa, yeye na dairekta Francesco Maselli walifanya kisa cha Caterina Rigoglioso, dada wa kazi kutoka Sicilia aliyemtelekeza mtoto wake mdogo kwa kukosa pa kwenda naye, akashitakiwa, na aliyeigiza ni Caterina mwenyewe, anarudia mbele ya kamera siku mbaya kuliko zote za maisha yake. Mi naona pale mstari ulivukwa, kwa sababu kwenye Ladri maumivu yalipitia kwa mwandishi yakapata mahali pa kukaa, na hapa anaambiwa mtu ayabebe tena mwenyewe. Na Maggiorani yule wa baiskeli alirudi kiwandani akajikuta amepunguzwa kazi, akabaki mtu maarufu asiye na ajira, kama Antonio.

Nje ya Italia mbegu ilienda mbali. Dairekta wa Kihindi Satyajit Ray aliiona Ladri London mwaka 1950 na akaamua muvi yake ya kwanza ataifanya hivyo, ikatoka Pather Panchali mwaka 1955. Mwenzake wa India Bimal Roy naye, baada ya kuiona, alitengeneza Do Bigha Zamin mwaka 1953, mkulima anaenda Calcutta kuvuta riksho ili alipe deni asinyang'anywe shamba, na mwanae anang'arisha viatu barabarani, yani Sciuscià na Ladri ndani ya nyumba moja ya Kihindi. Vijana wa Kuba, Tomás Gutiérrez Alea na Julio García Espinosa, walisoma filamu Roma, na mapinduzi yalipofika Zavattini akaalikwa Havana mwisho wa 1959 kuwasaidia waandishi wa pale. Alipofika hakuwapa stori za Italia, aliwauliza za kwao.

Kuna kitu chake kimoja ambacho sio muvi. Alitamani muda mrefu kutengeneza kazi kuhusu kijiji kimoja tu cha Italia, akaungana na mpiga picha wa Kimarekani Paul Strand, wakachagua kijiji na kijiji kikawa Luzzara, kwao. Strand akapiga picha 1953, Zavattini akaenda mlango kwa mlango akiandika maneno ya watu kama walivyoyasema, kitabu kikatoka 1955, Un paese. Picha inayojulikana zaidi mle ni ya familia moja mbele ya nyumba yao. Mama amesimama mlangoni, vijana wake watano wamemzunguka, wengine peku, hakuna anayecheka, na pembeni, ukutani, imeegeshwa baiskeli.